Foto Ilikuwa Moja Tu: Kubandika Picha juu ya Mbao, Kazi ya Kiangazi huko Kapata

Mwezi wa saba, katika mkutano wa koperative huko Kapata, mama mmoja alingoja mpaka hesabu ya mbegu imalizike. Kisha akatoa kibao kilichofungwa ndani ya kikwembe, akakiweka juu ya meza, akakifungua bila kusema kitu. Tuliona kofia ya kazi, mabega mawili, na nyuma yake ukuta wa nyumba. Mahali pa uso palibaki doa: pembeni jekundu, ndani manjano, katikati nyeupe kabisa.

"Ilikuwa moya tu," akasema. "Foto ya bwana yangu ilikuwa moya tu. Nilisikia munasema kole inashika. Njo nikabandika."

Ndugu wamemba, kosa lilikuwa letu. Majuma mawili mbele ya siku ile tulikuwa tumewaonyesha wamama wa koperative namna ya kubandika foto juu ya kipande cha mbao, ili iwe kitu cha kupamba nyumba au cha kuuza wakati shamba limelala. Tulileta makaratasi yetu tayari yamechapwa, tulileta kole yetu, na kila kitu kilienda vizuri. Hatukusema ile sentensi moja ambayo ilipaswa kuwa ya kwanza: foto ya asili haipakwi kole, hata siku moja. Mama alifika kwake, akachukua foto ya zamani iliyotoka labo, akaibandika. Pembe zikainuka. Akafikiri amekosea, akaimwagia maji ili aitoe na kuanza upya. Foto ya labo ina ngozi nyembamba sana juu ya karatasi, na ndani ya ile ngozi ndimo mna rangi zote. Ikilowa inalainika. Alipogusa, uso ulitoka na kidole.

Kwa hiyo tunaandika makala hii upya, safari hii tukianzia pale ambapo tulipaswa kuanzia.

Piga kopi kwanza. Kama huna njia ya kwenda mjini, simu ya mtoto wako inatosha. Weka foto juu ya meza nje, kwenye kivuli, saa tatu au saa nne ya asubuhi. Jua lisiipige, na taa ya simu izimwe, juu itaacha alama nyeupe kwenye paji la uso. Simu ishikwe sawasawa juu ya foto; ukiilaza upande, kichwa kitakuwa kirefu kama muhogo. Piga mara tatu nne, chagua iliyo wazi, kisha tuma nakala kwa mtu mwingine wa jamaa, kwa sababu simu nayo inaibiwa. Foto ya asili irudi ndani ya bahasha ya karatasi safi, na bahasha ndani ya kopo lenye mfuniko, mbali na paa linalovuja na mbali na mchwa. Ukimaliza hayo, sasa unaweza kuzungumza habari ya kole.

Kazi yenyewe Wafaransa wanaiita découpage, maana yake kukata. Hapa kwetu ukisema découpage kila mtu anafikiri mwaka 2015, Katanga ilipokatwa kuwa provinsi nne na Kolwezi ikawa mji mkuu wa Lualaba. Hii nyingine ni ya makasi na haina siasa. Ilipata sifa huko Venezia, nchi ya Italia, katika karne ya 18. Matajiri wa Ulaya walipenda vyombo vya mbao vilivyopakwa na kung'arishwa kwa ufundi wa Asia, lakini bei ilikuwa kali. Mafundi wakachukua picha zilizochapwa kwenye karatasi, wakazikata, wakazibandika juu ya masanduku na kabati, wakapaka verni tabaka nyingi mpaka ukingo wa karatasi usisikike tena chini ya kidole. Waitalia waliuita ufundi huo kwa jina lenye maana ya verni ya maskini.

Lakini Kapata hatukuhitaji kwenda Venezia kujifunza kutundika picha. Kapata ni kambi ya zamani ya wafanyakazi wa Gécamines. Wazee wa pale waliingia kazini wakati kampuni ilitoa mshahara, unga, shule na hospitali, na katika miaka ya 1970 salon ya mfanyakazi wa Kolwezi, Likasi au Lubumbashi ilikuwa na mchoro ukutani: mamba muntu, au askari wa wakati wa Wabelgiji akimpiga mfungwa. Michoro mingi ilichorwa juu ya kitambaa cha mifuko ya unga, ikauzwa nyumba kwa nyumba. Watu waliiita ukumbusho. Mchoraji Tshibumba Kanda Matulu aliishi hapahapa Kolwezi wakati mtafiti Johannes Fabian alipomkuta, na mwaka 1973 na 1974 alimchorea historia nzima ya nchi, michoro karibu mia moja, akimweleza kila mmoja kwa Kiswahili chetu. Karibu zaidi na wakati wetu, mpiga picha Sammy Baloji, mzaliwa wa Lubumbashi, amekata wafanyakazi kutoka foto za zamani za Union Minière na kuwaweka juu ya foto za mitambo iliyobomoka. Kukata foto na kuibandika mahali pengine, basi, si mchezo wa watoto wa shule.

Mwaka 2003 ulianza ule mpango wa départ volontaire uliolipiwa na Banque mondiale. Wafanyakazi zaidi ya 10,000 wa Gécamines walitoka. Huko Kapata wengine walishika jembe, wengine walishika chepeo pamoja na watoto wao na kwenda kuchimba, na wamama wamekuwa wakiosha madini pale ziwa Malo, miguu ndani ya maji. Tunalisema hili kwa sababu ndilo linalofanya kipande kidogo cha mbao kiwe na uzito. Katika nyumba nyingi tulizoingia, foto ya pekee ya papa aliyekufa ni ile ya karte ya kazi, au ya karte ya uchaguzi, ndogo kama kidole gumba. Na wamama wanaosha madini wanatuambia jambo moja: shamba likilala kutoka mwezi wa tano mpaka mvua, pesa ndogo ya kila juma ndiyo inawapeleka majini.

Sasa karatasi. Hapa ndipo watu wengi wanapoharibu. Foto inayotoka labo, ile inayong'aa, ina plastiki mbele na nyuma. Kole ya mbao haiingii, na ndiyo sababu pembe zinainuka. Karatasi inayofaa ni ya kawaida, ile ya fotokopi. Lakini mashine nazo ni mbili. Iko mashine ya poda, ile ambayo karatasi inatoka na moto, na iko ndogo ya wino wa maji. Wino wa maji ukikutana na kole unatiririka, na papa anapata machozi ya bluu. Mwombe mwenye fotokopi akuchapie kwa ile ya poda. Kama huamini neno lake, lowesha kidole na usugue pembeni ya karatasi: kidole kikitoka na rangi, usinunue. Na foto ya karte usiikuze kupita ukubwa wa kiganja. Ukilazimisha iwe kubwa, uso unakuwa ukungu tu, na mteja hatakuambia kitu, ila hatarudi.

Mbao usinunue mpya. Nenda kwa fundi wa vitanda na milango, omba vipande anavyotupa au kuchoma. Mulombwa ni mzuri na rangi yake inapendeza pembeni ya foto, lakini hatutaki kusikia kwamba mtu amekata mti mzima wa mulombwa au wa mukula juu ya kazi hii, vipande vinatosha. Mukaratusi nao unafaa kama umekauka vizuri. Ukiwa mbichi utapasuka katikati ya picha mwezi wa tisa, joto linapoanza. Papa mmoja fundi alituonyesha namna ya kujua: gonga vipande viwili pamoja, vilivyokauka vinalia, vibichi vinanyamaza.

Tuongeze neno juu ya palete zinazotoka kwenye migodi, kwa sababu Kolwezi ziko kila mahali na ni za bure au karibu na bure. Palete iliyovuka mipaka ina muhuri uliochomwa. Ukiona herufi HT, mbao ilitiwa joto tu. Ukiona MB, ilipigwa gesi ya methyl bromide, ambayo ni sumu, iache. Na hata kama ni HT, mbao yenye madoa au harufu ya mahali ilipokaa na dawa za kiwanda isiingie nyumbani, isiwe kibao cha foto, na zaidi ya yote isiwe kuni ya kupikia bukari.

Kole nyeupe ya mbao, ile ya kwenye kopo, ndiyo bora. Lakini wamama wa Kapata walituuliza swali ambalo sisi hatukuwa tumelifikiria: sisi tunalima muhogo, juu ya nini tununue kole? Tukajaribu pamoja. Unga wa muhogo uliochujwa kwenye kitambaa, kipimo kimoja, na maji vipimo vitano. Unaanza na maji baridi ili usifanye madonge, kisha unaweka juu ya mbabula na kukoroga bila kuacha mpaka weupe uondoke na uwe kama kioo. Ikipoa, inabandika karatasi vizuri kabisa. Walicheka sana, wakaiita bukari ya foto. Ubaya wake ni mmoja: inakaa siku mbili tu inachacha, na mende wanaipenda. Basi ifae kwa kubandika, lakini juu yake lazima ufunge na kole nyeupe na verni kila upande, hata mgongoni mwa kibao.

Kubandika kwenyewe ni kazi ya subira zaidi kuliko akili. Sugua mbao kwa karatasi ya msasa mpaka iwe laini, futa vumbi kwa kitambaa chenye unyevu kidogo. Paka kole nyembamba, iache ikauke. Hiyo inaziba matundu ya mbao isinywe kole ya pili. Kisha paka tena, na upake kidogo mgongoni mwa karatasi. Hapa ngoja, hesabu mpaka mia. Karatasi ikilowa inapanuka, na ukiilaza mara moja itapanuka juu ya mbao na kufanya makunyanzi. Laza upande mmoja kwanza, shusha polepole, weka karatasi nyingine safi juu yake, kisha sukuma hewa kwa kadi yoyote ya plastiki, kutoka katikati kwenda pembeni. Usisukume kutoka pembeni kwenda katikati, hewa itakusanyika kwenye uso. Acha ilale usiku mzima, si juani.

Siku ya pili kuna hatua ambayo hata sisi tuliiruka mara ya kwanza. Kabla ya verni, paka kole nyeupe iliyopunguzwa na maji kidogo juu ya foto, mara mbili, ikauke kila mara. Wakati iko mbichi inaonekana kama maziwa. Usiogope, ikikauka inakuwa wazi. Usipofanya hivyo, verni ya mafuta itaingia ndani ya karatasi na foto itakuwa na doa kama karatasi ya beignet. Baada ya hapo ndipo verni, nyembamba, tabaka tatu au tano. Kuanzia ya tatu sugua kidogo kwa msasa laini kati ya tabaka moja na nyingine.

Adui wa verni Kapata ni vumbi. Mwezi wa sita mpaka wa tisa malori ya migodi yanapita na barabara inasimama hewani. Tulipoteza vibao vinne hivyo. Vilikauka vikiwa kama vimenyunyiziwa pilipili. Mama mmoja ndiye aliyepata dawa: anaamka saa kumi na moja, anamwagia uwanja maji, anapaka verni wakati malori bado machache, halafu anafunika kibao na katoni iliyosimama juu ya mawe manne, hewa ipite chini na vumbi lisishuke juu. Tangu hapo wote wanafanya vile. Wakati wa mvua shida inageuka: verni inakawia kukauka na kufanya weupe kama pumzi kwenye kioo. Hiyo ndiyo sababu tunasema hii ni kazi ya kiangazi. Na verni pamoja na mafuta yake ya kuchanganyia vikae mbali na mbabula na mbali na watoto, na kazi ifanyike nje. Vinawaka haraka.

Pesa, sasa. Wengine walituuliza kama waweke pesa ya mbolea ndani ya kazi hii, wairudishe mwezi wa kumi. Tulisema hapana na tunasema tena hapana. Tuseme, kwa mfano tu, kopi ya rangi ni franka 1,500, kole na verni ya kibao kimoja ni 1,000, msasa na usafiri ni 500. Hiyo ni 3,000 kabla hujahesabu siku zako. Ukiuza kibao 8,000 umepata 5,000, na ni vizuri. Lakini ukitengeneza vibao ishirini vya maua na vya wanamuziki bila mtu aliyeviagiza, umefunga 60,000 ukutani, na mbegu ya mahindi haikungoji. Wamama wawili walifanya hivyo. Vibao bado viko.

Kinachouzika ni uso ambao mtu anaujua. Anayetaka kumaliza matanga ya mama yake, anayeoa, mtoto aliyepata diplome, mapadri na wachungaji siku za sherehe. Mteja alete foto yake mwenyewe, alipe nusu mbele, na jina lake na siku ya kuchukua viandikwe kwenye daftari. Kwa njia hiyo koperative haiweki franka hata moja ya mbegu. Chombo cha gharama ni kopo la verni, na hilo watano wanaweza kununua pamoja. Lakini wafungue pamoja pia, maana kopo lililofunguliwa linaota ngozi juu na nusu inatupwa.

Bado hatujawaambia mwisho wa habari ya ule uso.

Tulirudi Kapata mwezi wa nane. Mama yule alikuwa amezunguka kwa wazee waliofanya kazi na bwana yake, nyumba kwa nyumba, akiuliza kama mtu ana foto. Wengi hawakuwa nayo. Mzee mmoja, ambaye alikuwa kwenye équipe moja naye, alitoa ndani ya Biblia foto ya wanaume wanane wamesimama mbele ya lori, wote na kofia. Bwana yake alikuwa wa tatu kutoka kushoto. Mzee hakukubali foto itoke nyumbani mwake, na alikuwa na haki. Kijana wake aliipiga kwa simu palepale kivulini, mara sita. Wakamkata yule wa tatu, wakamchapa kwa mashine ya poda, ukubwa wa kiganja.

"Si wazi sana," mama alituambia, akifuta kibao kwa pembe ya kikwembe ingawa kilikuwa safi. "Lakini njo yeye. Batoto bameona, bakasema njo papa."

Habari ilitembea kambini. Familia nyingine nne zilikuja kuomba uso wao kutoka foto ileile, na mama ndiye aliyewabandikia, kwa malipo. Mzee naye amepata wake bure, kwa kuwa foto ni yake. Wamebaki wawili, wa pili na wa nane. Wa pili ni mrefu, ameshika taa ya kofia mkononi badala ya kuivaa. Wa nane amegeuza kichwa kidogo kama mtu aliyeitwa. Mzee anakumbuka kwamba mmoja alitoka upande wa Musonoi, lakini majina yamempotea. Nakala ya foto nzima iko ukutani kwenye depo ya koperative ya Kapata, pembeni ya mzani. Kama papa yenu au kaka yenu alifanya kazi huko, piteni muangalie.